Kijerumani Kilichomnyamazisha Mama Hedi

Jumatatu, tarehe 12 Mei mwaka jana, saa nne asubuhi, mume wangu alikata roho hospitalini, mkono wake ukiwa ndani ya wangu. Siku hiyo nilipoteza vitu viwili. Cha kwanza mnakijua, maana wengi wenu mlikuja kwangu Mount Druitt, hapa Sydney, kuketi nami, mkaleta mchele na maji, mkaimba. Cha pili sikukisema. Baba Neema ndiye aliyekuwa mtu wa mwisho wa kuzungumza nami Kifuliiru. Watoto wetu wanakisikia kidogo, kama mtu anavyosikia redio ya jirani, lakini hawakisemi. Tangu siku hiyo lugha niliyonyonya kwa mama yangu imebaki kichwani mwangu peke yake, na mimi naogopa.

Wiki tatu baadaye niliacha kazi. Ninyi mnaoanza kazi ya kutunza wazee mliniomba niwaandikie niliyojifunza. Sikusoma sana, niliishia darasa la sita kwetu Uvira, Kongo, kwa hiyo msitafute humu mambo makubwa. Nitaandika niliyofanya, na mabaya yangu nitayaandika pia. Nilifanya kazi hiyo miaka kumi na minne katika nyumba moja ya wazee, mwendo wa robo saa kwa miguu kutoka stesheni ya Lidcombe, na sikumbuki hata asubuhi moja niliyoshuka kwenye treni bila woga. Niliogopa kumwangusha mtu. Niliogopa simu ikilia na mimi nikiwa peke yangu na Kiingereza changu. Mkisikia woga huo siku ya kwanza, msidhani ni ninyi tu.

Kwanza niwape yale madogo, maana ndiyo yanayookoa siku. Piga hodi hata mlango ukiwa wazi. Usimjie mzee kutoka nyuma. Maji yajaribu kwa upande wa ndani wa mkono, si kwa vidole, maana vidole vyetu vimezoea moto wa jiko. Mzee akikataa chakula, kabla hujaandika kwamba amekataa, tazama kama meno yake yamo kinywani. Niliwahi kuandika siku mbili mfululizo kwamba bibi mmoja hataki nyama, kumbe meno yake ya bandia yalikuwa yamefungwa ndani ya kitambaa cha mezani, yakaenda kufuliwa na mashuka. Yalirudi meupe kuliko yangu. Na kuna mzee mmoja nilidhani ananidharau kwa ajili ya ngozi yangu. Mwezi mzima nilimsalimia, hajibu. Betri ya kifaa chake cha masikio ilikuwa imekufa, na aliyepaswa kuibadilisha ni mimi.

Aliyenifundisha hayo ni Bi Zuhura, nesi mkuu wa zamu yetu, mwenyeji wa Tanga. Alikuwa na Kiswahili kile cha kwao, kilichonyooka kama shuka iliyopigwa pasi, na changu kilimpa raha.

"Mama Neema," aliniambia siku ya kwanza, "umesemaje hapo? Hebu rudia."

"Nimesema, ule mama iko analala."

"Iko analala." Akashika meza kwa kucheka. "Shoga, nyie Wakongo Kiswahili mnakipasua kama kuni."

"Na ninyi munakiimba kama harusi. Lakini umenisikia?"

"Nimekusikia."

"Njo vile. Inatosha."

Tulicheka hivyo miaka yote. Nawaeleza kwa sababu ilikuja siku niliyopaswa kukumbuka kwamba lugha moja ina nyumba nyingi, na si kila nyumba mtu amelelewa humo. Nilijua hilo kwa Kiswahili changu. Kwa lugha ya mtu mwingine nilisahau.

Mtu huyo aliitwa Hedwig. Sisi tulimwita Mama Hedi. Alikuwa na miaka themanini na kitu, mdogo wa mwili, kucha zake safi. Alikuja Sydney akiwa msichana, akafanya kazi ya kushona mashuka Bankstown, akaolewa na Mwaustralia, akamzaa mwana mmoja, Peter. Alipoletwa kwetu alizungumza Kiingereza kizuri kuliko changu, akanisahihisha. Mwaka wa pili kichwa kikaanza kumtoka. Mkumbuke hili, mtaliona wenyewe: lugha iliyoingia mwisho ndiyo inayotoka kwanza. Kiingereza kilimwacha neno kwa neno, kuanzia majina ya vitu, na asubuhi moja hakikuwamo tena. Akabaki na lugha yake ya kwanza. Katika faili lake paliandikwa tu: Kijerumani.

Ndipo alipoanza kupiga kelele wakati wa kuoga. Ukimvua nguo, anapiga yowe lililosikika mpaka jikoni, anauma, anarusha mkono wa kulia. Mwenzetu mmoja alipasuliwa mdomo. Meneja akampigia simu mkalimani wa Kijerumani, akaiweka simu kitandani. Sauti ya mwanamke ikatoka humo, safi, ya heshima. Mama Hedi akaitazama ile simu, akasema kitu, akaifunika kwa mto. Mkalimani alisema maneno machache aliyoyasikia hayaungani. Basi ikaandikwa kwamba hata kwa lugha yake mwenyewe amechanganyikiwa.

Jumatatu iliyofuata meneja alituita, mimi na Bi Zuhura.

"Daktari anakuja Ijumaa," alisema. "Akimpiga mtu mwingine kabla ya hapo, nitaomba aandikiwe dawa za kumtuliza, na atahamia upande wa pili."

Upande wa pili ulikuwa na mlango unaofunguliwa kwa kubonyeza namba. Nilikwisha fanya zamu huko. Watu wake ni watulivu. Wanaketi vichwa vimeinama, unawafuta mate, unawageuza. Katika miaka yangu yote sikumwona hata mmoja akitoka huko kwa miguu yake. Kwa hiyo nilitoka ofisini nikiwa na siku nne, na nilijua kitakachotokea zikiisha.

Nikamwendea Bwana Koch. Alikuwa mkazi wetu wa chumba cha mwisho, mwalimu mstaafu kutoka kaskazini ya Ujerumani, akili zake timamu, miguu haina nguvu. Aliniita *Schwester*, yaani nesi, ingawa nilimwambia mara mia kwamba mimi ni mhudumu tu. Nilimwomba anifundishe Kijerumani cha kumwogeshea mtu. Alifurahi kama aliyerudishiwa darasa lake. Akanipa maneno matatu: *Guten Morgen*, habari za asubuhi, *Bitte aufstehen*, inuka tafadhali, *Kommen Sie mit*, njoo nami. Yale ya mwisho alisema ni ya adabu, ndivyo anavyoambiwa mtu mkubwa. Nilipenda hilo. Kwetu mzee humwiti kama unavyomwita mtoto.

"Usiombe, *Schwester*," aliniambia. "Unasema kama mtu anayeomba chumvi. Nyoosha sauti."

Nikanyoosha. Nilirudia ndani ya treni mpaka Mount Druitt, midomo ikicheza, watu wakinitazama. Nikayaandika kwenye karatasi kwa herufi kubwa, nikaibandika ndani ya mlango wa kabati la Mama Hedi, wenzangu wasome.

Jumatano asubuhi niliingia. Sare yangu, glavu mikononi, nimesimama karibu na kitanda chake, sauti juu kwa sababu nilimdhania ana masikio mazito. Nikasema yote matatu, kama nilivyofundishwa.

Hakupiga kelele.

Aliinuka. Alifungua kabati, akatoa gauni, akalivaa juu ya nguo ya kulalia. Akatoa la pili, akalivaa juu ya lile. Akavaa koti. Vifungo alivifunga vyote, kwa mkono mmoja, bila kukosea. Kisha akachukua mto wake, akaukumbatia kifuani kwa mkono wa kulia, akaja kusimama mbele yangu, miguu pamoja, macho sakafuni. Mkojo ulikuwa unamshuka miguuni na hakusogea.

Niliijua sura ile. Nyumbani kwetu Uvira, nikiwa na miaka tisa, waligonga mlango watu waliozungumza Kilingala. Siku zile, kwetu, hiyo ilikuwa lugha ya askari. Sisemi lugha yenyewe ni mbaya, leo naiimba kanisani kama ninyi. Lakini siku zile ukiisikia mlangoni, unajua. Mama yangu hakulia. Alivaa vitenge vitatu, kimoja juu ya kingine, akamfunga mdogo wangu mgongoni, akasimama akitazama chini. Unavaa vyote kwa sababu hujui kama utarudi, na mikono lazima ibaki wazi kwa ajili ya mtoto.

Kwa hiyo nilijua, dakika ileile nilijua. Nikampeleka kuoga. Alisimama kama mti, akaniachia nimfanye ninavyotaka. Nilipoinua mkono wake wa kushoto machozi yalimtoka, sauti haikutoka. Nilipomaliza nilikwenda kwenye kitabu cha ripoti nikaandika: *Ameoga. Mtulivu. Ameshirikiana.*

Meneja alisoma, akanishika bega. "Mama Neema, umetuokoa." Bi Zuhura akanipa nusu ya mkate wake wa kumimina. Niliula.

Alhamisi nilirudia. Hapo ndipo ningependa kuruka, lakini mkiniamini kwa lile la meno, mniamini na kwa hili. Nilijua ni woga na nikautumia. Nilijiambia: Ijumaa ni kesho, bora aogope kuliko alazwe upande wa pili. Nikasimama palepale, nikanyoosha sauti. Akavaa magauni yake, mawili, na koti. Safari hii bafuni alikuwa akinong'ona, midomo imegusa mto, maneno yaleyale tena na tena. Nilikuwa nikimpaka sabuni na maneno yale yakaingia kichwani mwangu bila kutaka, kama wimbo wa dukani.

Baada ya chai nilikwenda kwa Bwana Koch. Nikamsemea yale maneno kama nilivyoyasikia: "*Swieg still, mien lütt Broder.*"

Alikuwa na kikombe mkononi. Akakiweka chini.

"Nani amesema hivyo?"

"Mama Hedi. Anauambia mto."

Akaniomba nirudie, nikarudia. Kisha akasema, "Anasema, nyamaza, mdogo wangu."

"Mkalimani alisema maneno yake hayaungani."

"Mkalimani atakuwa mtoto wa mjini. Hiki si Kijerumani cha vitabu, *Schwester*. Hiki ni Platt. Lugha ya mashambani, ya kaskazini, ya ng'ombe na viazi. Bibi yangu hakujua nyingine." Akavuta karatasi ya kufutia mdomo, akachora kwa kalamu. Huku bahari, huku milima. Akanionyesha jinsi Kijerumani kinavyobadilika unaposhuka kusini, mpaka mtu wa pwani na mtu wa milimani wakikutana kila mmoja anadhani mwenzake ni mgonjwa. Akaweka nukta upande wa mashariki, nje ya mstari wa mpaka wa leo. "Kwa ninavyomsikia, kijiji chake kilikuwa huku. Leo ni Poland. Vita ilipoisha walifukuzwa wote, kwenye theluji, kwa miguu. Lugha ya kijiji chake kule hakuna tena anayeizungumza. Nimesikia kuna watu Brazili, walihama zamani, hao bado wanayo."

"Na wewe unayo?"

Akaikunja ile karatasi. "Shuleni tulichapwa kwa ajili yake. Halafu nikawa mwalimu, nikachapa wengine."

"Bwana Koch, mbona hukuniambia siku ile?"

"Hukuniuliza anazungumza nini. Uliniomba Kijerumani."

Nikamweleza nilichofanya. Magauni, koti, mkojo. Alinisikiliza mpaka mwisho, akasema kwa sauti ndogo kwamba maneno niliyoyasema, kwa sauti ile aliyonifundisha, ndiyo yanayosemwa na mtu aliyeshika orodha ya majina ya watu wa kuondolewa.

Nilikwenda kwa Bi Zuhura na kitabu cha ripoti. Nikamwonyesha siku mbili zangu.

"Hii ni uongo, Bi Zuhura. Si mtulivu. Anaogopa mpaka anakojoa. Mimi njo namuogopesha."

Alifunga mlango. "Unajua unachosema? Umeandika na kutia sahihi."

"Ninajua."

"Tukifuta hii, kesho daktari anamkuta na makelele yake. Atapelekwa. Na wewe kazi utaipoteza, Mama Neema. Baba Neema yuko nyumbani na mgongo wake, kodi ya nyumba ataleta nani?"

Nikasema, "Kama askari wale waliokuja kwetu wangeandika kwamba mama yangu alikuwa mtulivu, ingekuwa kweli?"

Bi Zuhura alivua miwani akaifuta na ncha ya mtandio wake. "Usifute," alisema. "Ripoti haifutwi. Piga mstari mmoja, yasomeke yaliyokuwepo, andika ukweli chini yake, sahihi na saa. Halafu twende kwa meneja, na wewe ndiye utakayesema."

Nilisema. Meneja alisikiliza akiutazama mstari nilioupiga. Alisema atatoa uamuzi Ijumaa, mbele ya daktari.

Mchana ule nilirudi kwa Bwana Koch, akanifundisha tena, safari hii bila kunyoosha. *Wees nich bang*, usiogope. *Ik bün hier*, mimi nipo. *Wo deit dat weh*, panauma wapi. Ulimi wake mwenyewe ulikuwa unajikwaa. Neno moja alilitafuta kama mtu anayetafuta ufunguo wa nyumba aliyokwisha iuza. Alinirudisha mara kumi na tano, labda zaidi. Kila mara alisema, "Hapana. Tena." Nilimwomba aje mwenyewe, akakataa. Nikamwomba tena. Akasema atafika mlangoni, si zaidi.

Ijumaa saa tatu walikuwa ndani ya chumba: daktari, kijana mwenye haraka, meneja, Bi Zuhura karibu na dirisha. Peter naye alikuja, amevaa nguo zake za kazi, akasimama kwenye kona kama mgeni. Bwana Koch alikuwa nje ya mlango ndani ya kiti chake cha magurudumu, mahali ambapo Mama Hedi hakumwona. Mama Hedi alikuwa kitandani ameshika mto. Watu wengi namna ile, wote wamesimama. Nikaona anaanza kulitazama kabati.

Nilivua glavu. Nikavua ile aproni yangu, nikampa Bi Zuhura. Nikavuta kigoda cha kuogea, kile kifupi, nikaketi chini ya macho yake, viganja juu ya magoti. Daktari alitazama saa yake. Mimi nilihesabu pumzi za Mama Hedi mpaka zikapungua mbio. Ndipo nikasema, polepole, kwa sauti ya mtu anayeomba chumvi.

"*Wees nich bang. Ik bün hier.*"

Alinitazama. Akatazama mdomo wangu, kama anayetazama mahali pasipo na mlango pakifunguka. Nikasema, "*Wo deit dat weh?*"

Akaanza kuzungumza. Alizungumza kwa muda, sauti nyembamba, sikuelewa hata neno, nikawa naitikia kwa kichwa tu huku jasho likinitoka, maana kila mtu alikuwa akinitazama mimi. Halafu kutoka mlangoni ikaja sauti ya Bwana Koch, kwa Kiingereza.

"Anasema bega. Bega la kushoto. Kila mkiuinua mkono wake ni kama moto. Anasema amewaambia." Akasikiliza tena. "Anasema amewaambia mara nyingi."

Mama Hedi aligeuza kichwa kuifuata sauti. Bwana Koch akamjibu kwa lugha ileile, neno moja, kisha lingine. Kiti chake kikaingia ndani chenyewe, akikisukuma kwa mikono yake. Peter kwenye kona alikuwa ameziba mdomo.

Daktari alipiga magoti, akaligusa bega. Akatuma aende kupigwa eksirei siku hiyohiyo. Mfupa ulikuwa na ufa karibu na bega, wa anguko ambalo hakuna aliyeliona, na wiki nyingi sisi tulikuwa tukiuinua mkono ule kila asubuhi. Dawa aliyoandikiwa ni ya maumivu. Upande wa pili hakwenda. Mimi nilipewa barua ya onyo kwa ripoti za uongo, na ilikuwa haki yangu. Ninayo mpaka leo, ndani ya bahasha moja na cheti changu cha uraia.

Peter alinikuta koridoni. "Nilipokuwa mtoto alikuwa akinisemesha hivyo," alisema. "Nilikuwa naelewa. Nilimjibu kwa Kiingereza mpaka akaacha." Akaniuliza kama anaweza kujifunza sasa. Nilimwambia amuulize Bwana Koch. Alikuja Jumamosi tatu, nne. Halafu akawa na kazi.

Msidhani baada ya hapo mambo yalinyooka. Ziko siku alipiga kelele bila sababu tuliyoijua. Na miezi miwili baadaye, nilirudi kutoka likizo ya wiki moja nikamkuta ameketi kitandani na magauni matatu na koti, saa mbili asubuhi, amekumbatia mto. Mhudumu mgeni, mtoto mzuri, mwenye bidii, aliniambia kwa fahari, "Nilisoma ile karatasi yako ya kabatini, mama. Inafanya kazi kabisa. Anatulia."

Niliisahau ile karatasi. Barua ya onyo niliitunza na ile karatasi nikaiacha kabatini. Niliichana mbele yake, nikamvua Mama Hedi gauni moja moja. Mpaka leo nikiamka alfajiri hicho ndicho ninachokikumbuka kwanza. Ubaya wangu wa asubuhi mbili ulibaki umebandikwa, na mtu mwenye nia njema akausoma kwa sauti.

Mama Hedi aliishi mwaka mmoja na nusu zaidi. Bwana Koch alipelekwa chumbani kwake kila alasiri, wakazungumza kuhusu kuku, kwa alivyoniambia, karibu kila siku kuku. Mama Hedi alipokufa tuliuosha mwili wake mimi na Bi Zuhura. Tulimvika gauni moja.

Basi nilipoona mume wangu anaanza kukosa neno la Kiingereza la kijiko, nilijua njia yote mpaka mwisho wake. Ninyi mlimwona kanisani akitabasamu, mkasema mzee amekuwa mpole. Alikuwa hawaelewi. Kiingereza kilikwenda mwaka juzi. Kiswahili kikaanza kumwacha karibu na Krismasi. Mwezi wa nne alikuwa na Kifuliiru tu, na mimi peke yangu nilikuwa mlango wake. Hospitali walimletea mkalimani wa simu, wakamtafutia wa Kiswahili, na walifanya vizuri. Kijana mmoja, Kiswahili chake cha shule, sauti imenyooka. Baba Neema aliitazama simu. Akaniuliza kwa lugha yetu ni nani huyo yuko mlangoni. Nikaiondoa simu kitandani, nikawaomba wauguzi wasiirudishe. Nilikaa pale siku kumi na moja. Nilikwenda msalani mbio nikarudi mbio.

Binti yetu Neema alikuwa akisimama miguuni pa kitanda kila jioni anapotoka ghalani kazini. Baba yake alimsemesha. Yeye alinigeukia mimi, akauliza kwa Kiingereza, "Anasema nini?" Nilimtafsiria. Siku ya mwisho aliyozungumza alimwambia maneno marefu, na mimi nilikuwa nimekwenda kuchukua maji. Niliporudi alikuwa amenyamaza. Neema hakuweza kunirudishia hata neno moja, hata kwa sauti tu. Alijaribu. Alikaa sakafuni koridoni akijaribu.

Mimi nina miaka sitini na nane. Asubuhi naweka maji ya chai nikitaja kwa sauti majina ya vitu vya jikoni kwa Kiingereza: sufuria, kifuniko, kijiko, nione kama vyote vipo. Juzi neno la kifuniko lilichelewa kuja. Nilisimama nimekishika mpaka maji yakakauka.

Jumapili iliyopita Neema alikuja baada ya ibada, ameniletea sombe, majani ya muhogo, ya friza kutoka Bankstown. Hakuipeleka jikoni. Alisimama mbele ya kochi langu na jaketi lake la kazi, simu mkononi tayari kurekodi.

"Mama, niambie ile ya panauma wapi," alisema. "Kwa Kifuliiru. Nataka kuijua."

Nikamwambia. Akairudia. Maneno yalikuwa sawa, lakini aliyasema kwa nguvu, amenisimamia, sauti ya mtu aliyezoea kuita namba ghalani, na mimi mwili wote ukashtuka. Mikono yangu ilishika mto wa kochi kabla sijaiambia.

"Nimekosea?" akauliza.

"Hapana. Vua jaketi kwanza. Weka simu. Halafu ukae chini."

"Wapi?"

"Hapo. Chini yangu."

Aliketi kwenye zulia, magoti yake yakagusa miguu yangu, viganja akaviweka wazi kama nilivyomwonyesha. Tukangoja kidogo. Kisha akaisema tena, polepole.